Ua Lisilopigwa Rangi

Ngara huukumbuka mwaka 1994 kwa ajili ya watu, na ndivyo inavyostahili. Waliouawa ng'ambo ya Mto Kagera, nchini Rwanda, hawahesabiki kwa vidole, na waliovuka wakiwa hai walifika na vidonda, njaa na hofu. Zaidi ya miaka thelathini imepita. Kila mgeni anayekuja kwetu kuuliza habari za wakati ule huuliza habari za watu, nami huanza na watu. Lakini kazi yangu ilikuwa miti, na katika kazi hiyo nilishuhudia jambo ambalo sijalisikia likisimuliwa: jinsi maua ya porini yanavyoweza kutoweka mahali bila mtu hata mmoja kuyatakia mabaya. Nalisimulia sasa, wakati bado tupo tuliokuwepo.

Mimi ni Mhangaza wa Rulenge. Nilisomea misitu Olmotonyi, Arusha, kisha nikarudi nyumbani. Pori la kutoka Rusumo hadi Nyakahura, na kutoka Nyakahura kushuka Biharamulo, nililijua kabla ya kambi za wakimbizi. Upande wa Ngara vilima vina nyasi ndefu na migunga mabondeni. Ukielekea Biharamulo miti inakaribiana, mitundu na mininga inaanza kushikana matawi, na unajua umeingia miombo. Mwezi wa nane moto hupita chini ya miti hiyo na kuacha ardhi nyeusi. Mvua za kwanza zikidondoka, weusi ule hutoa vitu ambavyo mtu wa mjini hawezi kuamini vilikuwa humo. Kuna mmea wa majani manne tu, yamelala ardhini kama sahani, na katikati yake ua pana la manjano lisilo na shina la kuonekana. Kuna mwingine unaotambaa na kujishikiza kwenye vichaka kwa ncha za majani yake, ua lake jekundu lenye kingo za njano, petali zimegeukia nyuma. Bibi alitukataza kugusa kiazi chake, na alikuwa na haki, kwani kina sumu inayoua.

Juu ya miti mikubwa kulikuwa na okidi. Wataalamu huiita Ansellia africana. Inashika penye panda ya tawi nene, inatoa mashina ya rangi ya njano yaliyojaa kama mabua ya muwa mwembamba, na maua yake ni ya manjano yenye madoa ya kahawia, makumi kwa makumi katika shada moja. Ukipanda mtini ukaitazama kwa karibu, kitu cha kwanza kukushangaza si ua bali mizizi. Ile inayoshika gome imelala, lakini mingine imesimama, imeelekea juu, myembamba, myeupe, yenye ncha kali, maelfu kwa maelfu, na imeshikamana kama brashi. Kazi yake ni kudaka. Jani likidondoka kutoka juu, vumbi likipeperushwa, kinyesi cha ndege kikianguka, vyote hunasa humo na kuoza polepole, na mmea unakula. Okidi hii haiunyonyi mti chochote. Inaomba nafasi tu ya kukaa, kwenye tawi la zamani.

Tarehe 28 Aprili 1994 watu walianza kumiminika darajani Rusumo. Ripoti za wakati ule zilitaja watu 250,000 ndani ya saa 24. Mimi sikuhesabu, nilichoona ni barabara iliyojaa vichwa vyenye magodoro, masufuria, ndoo na watoto, na mvua ya masika ikiwanyeshea wote sawasawa. Walielekezwa Benaco, mahali palipopewa jina hilo na kampuni ya Kiitaliano iliyojenga barabara na kuacha pale kambi yake na bwawa la maji. Baada ya Benaco zikafuata Lumasi, Musuhura, Lukole, Kitali na Keza. Haukupita muda mrefu wakimbizi wakawa wengi kuliko wenyeji wa wilaya nzima.

Mtu aliyefika usiku na watoto wanaotetemeka haangalii ni mti gani anaoukata. Anahitaji nguzo nne za kushikilia turubai, na anahitaji moto. Mgao ulikuwa mahindi na maharage, mara nyingi mahindi ya punje nzima, na yeyote aliyewahi kuchemsha maharage makavu anajua yanavyokula kuni. Katika wiki za kwanza, miti iliyokuwa ndani ya kambi iliondoka yote. Baadaye akina mama na watoto wakawa wanatoka alfajiri na kurudi jioni na mzigo mmoja, na kila mwezi safari ilirefuka. Takwimu zilizotolewa baadaye na shirika la wakimbizi la Umoja wa Mataifa, UNHCR, zilisema kwamba kati ya 1994 na 1996 kilomita za mraba 570 za misitu katika Mkoa wa Kagera ziliguswa, na kati ya hizo 167 ziliharibiwa vibaya.

Hapo ndipo sisi wa misitu tulipoitwa. Mashirika yaliajiri vijana wa Ngara na Biharamulo, na wakimbizi pia, kwa doria, vitalu vya miche na mafunzo ya majiko ya udongo. Tulifundisha kuloweka maharage usiku kucha, kufunika sufuria, kupasua kuni ziwe nyembamba na kuzikausha. Yote hayo yalisaidia, na nayasema kwa heshima kwa waliofanya kazi ile. Jambo lililoonekana zaidi, hata hivyo, lilikuwa rangi. Tulitembea na ndoo na brashi, tukapiga mstari kwenye shina la kila mti usiotakiwa kukatwa: mikubwa, ya kingo za mito, ya miteremko mikali, na ile ya mbao bora kama mninga. Mti wenye rangi ulikuwa na mlinzi. Usio na rangi ulikuwa kuni.

Rangi ile ilifanya kazi kwa sababu ilikuwa lugha ambayo kila mtu aliielewa. Mama mmoja wa Kibungo, ambaye Kinyarwanda chake nilikielewa kwa sababu Kihangaza chetu ni ndugu yake wa karibu, aliniambia siku moja, "Bwana miti, ungeupiga rangi ule wa kwangu nisingeukata. Sikujua kama una mtu." Alikuwa amekata mtundu mzee nyuma ya Lumasi, tawi baada ya tawi. Hakuwa ameuangusha, alikuwa ameupogoa hadi ukabaki mwili mtupu. Chini yake kulikuwa na marundo matatu ya okidi, mizizi imeelekea pande zote, mashada bado yana maua. Mbuzi wawili walikuwa wanayala.

Nilisimama pale kwa muda. Sikuwa na neno la kumwambia yule mama, wala sikuwa na haki ya kuwa nalo, kwa sababu alikuwa na watoto watano na sufuria moja. Ila nilifungua daftari langu la kazi kutafuta mahali pa kuandika nilichokiona. Daftari lilikuwa na safu ya aina ya mti, safu ya unene wa shina, safu ya mahali, na safu ya hali: mzima, umepogolewa, umekatwa. Halikuwa na safu ya kitu kinachoishi juu ya mti, wala ya kitu kinachochanua chini yake. Mti ulioandikwa "umepogolewa" ulihesabiwa kuwa umepona, na kwa kweli ulipona, kwani mwaka uliofuata ulichipua. Kilichokuwa juu yake hakikuwa na mahali pa kuandikwa kwamba kimekufa.

Mtu aliyenifundisha kuona hivyo alikuwa mkimbizi. Alikuwa mzee mwembamba aliyesema kwamba ujana wake aliutumia kutunza bustani ya taasisi moja Butare, na kwamba alifuatana na wataalamu msituni akiwabebea magazeti ya kukaushia mimea. Alinikuta siku ile kwenye mtundu. Aliinama akaliokota rundo lililobaki, akaking'oa kipande chenye mashina machache mazima, akakiviringisha kwenye fulana yake.

"Mwanangu," aliniambia, "mti ukikatwa unarudi. Mizizi yake iko chini, inangoja. Huyu hana chini. Tawi likienda, amekwenda."

"Lakini si ana mbegu, mzee?"

"Anazo nyingi kuliko mchanga, laini kama unga. Ila mbegu yake haina chakula ndani. Ikianguka mahali ambapo ukungu wake haupo, haioti. Na ukungu wake unataka gome la zamani."

Nilikuja kuyasoma hayo vitabuni miaka mingi baadaye, na yalikuwa kama alivyosema. Mbegu za okidi ni vumbi tupu. Bila fangasi wa kuzilisha mwanzoni haziwezi kuanza maisha. Ile okidi aliipanda kwenye mkebe wa mafuta ya msaada, akatoboa matundu chini kwa msumari, akajaza vipande vya gome na majani makavu, akautundika kwenye nguzo ya kibanda chake. Majirani zake walikuja kuitazama. Kijana mmoja akamletea nyingine aliyoiokota Musuhura, mwingine akamletea ya tatu. Watu waliopoteza kila kitu walikuwa wanampelekea mzee maua ili yasife. Hilo nimeliona kwa macho yangu, na nalitaja kila ninaposikia mtu akisema wakimbizi walimaliza pori letu kwa kutojali.

Desemba 1996 serikali yetu na UNHCR walitangaza kwamba wakimbizi wote wa Rwanda wanatarajiwa kurudi kwao kabla ya tarehe 31 ya mwezi huo. Wengi waliogopa. Maelfu walitoka kambini kuelekea mashariki, kuingia mapori ya Biharamulo na Burigi, wakitafuta njia ya kwenda nchi za mbali. Wanajeshi waliwarudisha, na barabara ya Rusumo ikajaa tena, safari hii watu wakielekea magharibi. Karibu nusu milioni walivuka katika wiki chache. Mzee wa Butare aliondoka katika msafara ule. Mikebe yake niliichukua, nikazifunga okidi zake kwenye mwembe wa nyumbani Rulenge kwa kamba za katani. Mbili zilishika.

Yaliyofuata baada ya kambi ndiyo yaliyonifikirisha zaidi. Miti ilirudi. Miombo ina tabia hiyo: kisiki cha mtundu kikikatwa hutoa machipukizi, na ardhi ikiachwa kwa miaka kadhaa kijani hufunika majeraha. Ukisimama leo barabarani Kasulo, palipokuwa na kambi, unaona vichaka na mashamba, na mgeni hawezi kujua kwamba hapo palikuwa na mji wa mamia ya maelfu. Watu wa takwimu wakitazama picha kutoka angani husema msitu umepona, nao hawasemi uongo. Lakini machipukizi ya miaka ishirini au thelathini ni membamba, gome lake bado laini, panda zake hazijapata upana wa kushika chochote. Nimepita chini ya miti hiyo mara nyingi nikiangalia juu. Kijani kipo. Okidi sizioni, isipokuwa kwenye ile mizee michache yenye alama ya rangi, ambayo sasa imefifia na kupasuka pamoja na gome.

Okidi hii haikutoweka duniani. Ipo katika nchi nyingi za Afrika, ingawa hata hivyo imewekwa katika orodha ya mimea iliyo hatarini kwa sababu ya kukatwa kwa miti na kuchukuliwa kwa ajili ya kuuzwa. Pori la Ngara lilipoteza lake, lakini mapori mengine yanalo. Swali lililonikosesha usingizi ni jingine: ingekuwaje kama mmea ule ungekuwa na Lumasi peke yake? Ingekuwaje kama mahali pake pote duniani pangekuwa palepale tulipojenga vyoo?

Jibu la swali hilo nililipata upande wa pili wa Rwanda. Kusini magharibi mwa nchi ile, Mashyuza, katika bonde la Bugarama, kuna chemchemi ya maji moto. Mwaka 1987 mtaalamu wa mimea wa Ujerumani, Eberhard Fischer, aliona pale yungiyungi ambalo halijawahi kuandikwa. Mayungiyungi tunayoyajua hukaa ziwani na majani mapana. Hili lilikuwa na majani yanayoweza kuwa madogo kiasi cha sentimita moja, ua jeupe lenye katikati ya njano, na halikuelea juu ya maji yenye kina. Liliota kwenye tope lenye unyevu, pale maji ya chemchemi yanapopoa hadi nyuzi joto 25 hivi. Lilipewa jina Nymphaea thermarum, na ndilo dogo kuliko mayungiyungi yote duniani. Eneo lake lote lilikuwa sehemu ndogo ya tope ambayo mtu angeizunguka kwa miguu bila kuchoka.

Mwaka 1994 ulipita juu ya ua hilo. Majeshi, wauaji, wakimbizi waliokuwa wanaelekea Zaire, wote walipita, nalo likabaki. Lililolimaliza pale lilikuja wakati wa amani: maji ya chemchemi yaliyokuwa yanalisha tope yalichukuliwa kwa matumizi mengine, tope likakauka, na kufikia 2008 halikuonekana tena. Hakuna aliyelikusudia. Mtu alihitaji maji, akayaelekeza kwake. Ni maneno yaleyale ya yule mama wa Kibungo: hakujua kama lina mtu.

Lilikuwa na bahati moja. Fischer alikuwa amepeleka mimea michache katika bustani ya Bonn, ambako ilitunzwa kwa miaka mingi, na mbegu zikafika Kew, London. Huko mtunza bustani Carlos Magdalena alihangaika na miche iliyokuwa inakufa kila alipoizamisha majini, hadi alipotambua kwamba mmea huu unataka majani yake yaguse hewa tangu mwanzo. Aliipanda kwenye udongo uliolowa kwa maji ya vuguvugu yaliyofika usawa wa udongo tu, na Novemba 2009 ua la kwanza likachanua. Januari 2014 mtu aliingia katika jengo la vioo la Kew akaiba mche mmoja. Na mwaka 2023 habari njema zilitoka Rwanda: yungiyungi lile limeonekana tena porini, huko huko kwenye bonde lake.

Nilipoisoma habari hiyo nilimkumbuka mzee na mikebe yake. Bonn na Kew zilifanya kazi ile ile aliyoifanya yeye kwa msumari na mkebe wa mafuta, ila kwa vifaa bora. Kazi hiyo ni njema na inaokoa. Lakini mmea wa kwenye mkebe haulishi nyuki wake, haudondoshi mbegu mahali pake, haujui msimu wake. Tunayo mifano ya karibu zaidi. Maua ya Usambara, yaliyochukuliwa Tanga na Baron Walter von Saint Paul-Illaire na kupewa jina la kisayansi mwaka 1893, yanauzwa leo madirishani dunia nzima kwa mamilioni, huku baadhi ya jamaa zake wa porini wakiwa wamebaki kwenye miamba michache yenye kivuli katika misitu yetu ya mashariki. Kuwa wengi dukani hakumsaidii aliyebaki mwenye mwamba mmoja.

Watu wa mimea wamefanya sehemu yao. Kitabu kikuu cha mimea ya porini ya Uganda, Kenya na Tanzania, Flora of Tropical East Africa, kilianza kutoka mwaka 1952 na kukamilika 2012, kikiwa na aina 12,104. Ndani yake wilaya zetu zimo, na majina ya vilima vyetu yamo, kwa sababu watu walipita Ngara na Biharamulo wakikusanya na kukausha. Maarifa hayo yapo kwenye makabati ya Dar es Salaam, Arusha, Nairobi na London. Yanayokosekana ni njia ya kuyafikisha kwa kijana mwenye ndoo ya rangi.

Na kijana huyo anahitajika tena sasa. Mapori ya akiba ya Biharamulo, Burigi na Kimisi yaliunganishwa mwaka 2019 kuwa Hifadhi ya Taifa ya Burigi-Chato, yenye zaidi ya kilomita za mraba 4,700, na hilo ni jambo la kushukuru. Lakini vilima vingi vya Ngara viko nje ya mpaka wa hifadhi. Kabanga kuna madini ya nikeli, Rusumo kuna umeme wa maporomoko, barabara zinapanuliwa, mashamba ya miti ya kigeni yanaongezeka. Siyapingi. Watoto wetu wanahitaji ajira na taa. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 inataka miradi mikubwa ifanyiwe tathmini kabla ya kuanza, na hapo ndipo ninapotaka kusikilizwa.

Tathmini ya mimea ifanyike wakati wa mvua. Anayekuja Ngara mwezi wa saba ataona nyasi kavu na miti, ataandika nyasi kavu na miti. Lile ua la majani manne liko chini ya ardhi, ule mmea wenye kiazi cha sumu umekufa juu na kulala chini, okidi za ardhini zote zimejificha. Aje tena mwezi wa kumi na moja, aje tena wa nne, atembee na wazee na wachunga ng'ombe wanaojua kila kilima kinatoa nini. Fomu iwe na safu ya kinachoota juu ya mti na safu ya kinachochanua chini yake. Na kila ofisi ya misitu ya wilaya, Ngara na Biharamulo, iwe na orodha ya mimea ambayo mahali pake ni padogo, ikiwa na picha na jina la kijiji, ili afisa anayeombwa kiwanja cha dharura saa nane za usiku ajue ni kilima kipi cha kuepuka na kipi cha kutoa.

Dharura zitakuja, kwani sisi ni watu wa mpakani. Wakija tena watu wenye watoto wanaotetemeka, tutawapokea kama tulivyowapokea, na watakata miti kama mtu yeyote angefanya. Wakati huo utakuwa umepita wa kuanza kuuliza maua yetu yako wapi. Orodha hiyo iandikwe sasa, katika miaka hii ya utulivu, na rangi iwe tayari ndooni.